Mume Asiyeruhusiwa Kufa

"Mwalimu Kinuyo, huyu mume hawezi kugongwa na gari," mtayarishaji wa tamthilia alimwambia mwandishi wake kwenye simu. "Mdhamini wetu anauza magari."

"Mume wangu aligongwa na gari. Ndicho nilichoandika."

"Pole sana, Mwalimu. Lakini kwenye televisheni, mpe hata saratani."

"Juzi si ulikataa saratani? Ukasema mdhamini wa pili anauza dawa!"

"Ah, kweli. Basi moyo?"

"Kwani moyo hauna dawa? Au afe kwa kucheka?"

Kinuyo akakata simu, akachana ukurasa wa ajali, akaandika kwa hasira: mlango unafunguliwa, mume anaingia, anavua viatu. Soksi imetoboka kidoleni.

"Nimerudi," anasema.

Kalamu ikasita. Kisha Kinuyo akavuta karatasi nyingine, akaanza kumwandikia chakula cha jioni.