Mke Wangu Kitabuni

"Profesa, vitabu vya haki umejaza kabati," nilimwambia mbele ya ukumbi mzima. "Mke wangu aliuawa na uzembe wa hospitali, na kesi yake ninyi wakubwa mkaizika naye. Haki gani hiyo?"

Watu wakapiga makofi. Binti yangu akanishika mkono kwa fahari.

Profesa akauliza jina la marehemu, akafungua kitabu chake, akampa binti. "Nimemwandika, mzee wangu. Tusomee, mwanangu."

Akasoma kwa sauti. Kesi ilianguka kwa kukosa uchunguzi wa maiti, kwani mume alitia sahihi kwamba hautaki.

"Baba, si ulisema wao ndio waliokataa?"

Siku aliyofariki, karani wa hospitali alinipa karatasi ya kusaini, akaniuliza, "Umeisoma, mzee?" Foleni ilinikodolea macho mgongoni, nami husoma kwa kuunga silabi. Nikajibu, "Kwani mimi mjinga?" Nikasaini. Tangu hapo nimewalaumu wakubwa mpaka nikayaamini maneno yangu mwenyewe.

"Uongo mtupu huo," nikasema.

Binti akafunua ukurasa. Karatasi yenyewe ilikuwa imechapwa pale, na chini yake sahihi ileile iliyo kwenye ripoti zake zote za shule.