Miwani ya Kompyuta

Dorca alivaa miwani mlangoni, kama amri ilivyotaka, na dunia ikazimika. Akapapasa ukuta mpaka goti likagonga kiti, akaketi, akamshukuru Mungu kwamba kweli kilikuwa kiti.

Ilikuwa mwaka wa themanini na tisa, na chama cha ushirika cha wauza samaki mjini Kisumu kilikuwa kimepata kompyuta yake ya kwanza. Mwenyekiti, Bwana Khaemba, alikuwa amesoma gazetini kwamba huko Ulaya makarani wanaotumia mashine hizo huvaa miwani ya kukinga macho na miale. Ulaya ni mbali, soko la Kibuye ni karibu. Akaenda Kibuye akanunua miwani ya mafundi wa kuchomelea vyuma, ya makarani na ya kamati nzima, kisha akapiga marufuku mtu yeyote kuingia chumba kile macho wazi.

Fundi alikuja alfajiri, akaichomeka mashine kwenye stima, akaiwasha, akaenda zake. Kilichobaki ni kuchagua nani ataitumia, Dorca au Laban. Atakayeshindwa angehamishiwa Usenge, mbali huko ufukweni mwa ziwa, kupima dagaa wa omena, na Dorca alikuwa na mama mgonjwa anayetibiwa hapa mjini, asiye na mtu mwingine wa kumwogesha. Aliiogopa Usenge kuliko miale yote ya Ulaya.

Laban alitangulia. Yeye alizoea kuchapa kwa vidole viwili, macho kwenye vitufe. Aligonga kidogo, akasita.

"Bwana Chairman, nimetoa miwani kidogo, na naona hii kitu..."

"Umetoa?" Khaemba alimkatiza. "Rudisha. Ukipofuka, bibi yako atakuja kuniuliza mimi."

Laban alijaribu kusema tena. Akaambiwa asiyesikia la mkuu huvunjika guu, akatolewa nje.

Zamu ya Dorca ikafika. Chuoni, mwalimu wao alikuwa akiwafunika mikono kwa kitambaa mpaka vidole vijue njia vyenyewe, kwa hiyo giza halikumtisha. Khaemba alimsomea barua kutoka kichwani, na vidole vikakimbia. Katikati kimoja kikateleza. Akangoja mtu agune, lakini hakuna aliyeguna.

Chumba kilikuwa na joto la kuua. Khaemba alieleza kwamba joto hilo ndilo miale yenyewe, na wote wakakaza miwani. Akaisifu mashine kwa utulivu wake, maana taipureta ingekuwa imewatoa masikio. Mweka hazina, Mzee Waliaula, alisema yeye amependa zaidi rangi ya kijani ya zile herufi. Wengine wakakubali kwamba kijani hicho kinapendeza.

"Nimesoma yote," Khaemba alitangaza. "Hakuna kosa hata moja. Dorca, hii mashine ni yako. Laban afunge mizigo."

Dorca alilia kwa furaha, na machozi yakajaa ndani ya miwani yasipate pa kutokea. Mama yake angebaki mjini.

Mlango ukafunguliwa, vikombe vikagongana. Alikuwa Mama Habiba, mpika chai, ambaye hakuna aliyekumbuka kumnunulia miwani. Khaemba akamuuliza chai imechelewa wapi.

"Mnisamehe, Mzee," alisema. "Stima ilipotea kabla hamjaingia humu, na mpaka sasa haijarudi. Ilibidi nichemshe kwa makaa."