Magego ya Babu

Mwaka wa ukame mkuu, Ngiri alimzuia Nguruwe na wanawe wasiingie kwenye bonde la mwisho lililobaki na nyasi.

"Nyasi ni za ukoo wetu," alisema. "Nyinyi kafukueni mizizi."

"Mizizi imekwisha, mjomba. Wanangu watakufa."

Ngiri aliona amalize maneno kwa ushahidi. Alichimbua korongoni taya la kale lililogeuka jiwe, lenye pembe zilizopinda kama zake.

"Huyu ni babu yangu. Alikula hapa hapa!"

"Alikula nini?" Nguruwe aliuliza. "Tazama magego yake, kisha utazame yangu." Akapanua kinywa.

Ngiri aliyapapasa magego yake kwa ulimi: marefu, ya kusagia nyasi kutwa nzima. Ya babu yalikuwa mafupi, yenye vinundu, sawa na ya Nguruwe. Yalikuwa meno ya kula mizizi na matunda.

"Basi nani alitufundisha kula nyasi?" aliuliza kwa sauti ya chini.

"Njaa, mjomba. Njaa kama hii."

Ngiri alisogea kando, akawaachia njia ya kuingia bondeni. Kisha aliwaita watoto wa Nguruwe, akawaonyesha namna ya kupiga magoti ili midomo iyafikie majani mafupi.