Kidonda cha Begani

Mzee Rugaibula alikunjua kipande cha lubugo juu ya meza ya karani. Katikati ya kile kitambaa cha gome palikuwa na doa la damu, kavu na gumu.

"Hiki ndicho nilichomwekea begani," alisema. "Nilidhani mzigo hautamchubua."

Karani Yunus alisogeza wino kando. Mzee alikuwa ametembea siku mbili kutoka Muleba mpaka Bukoba, nyayo zimepasuka, kwa ajili ya sheria mpya ya Waingereza aliyoisikia ikisomwa gulioni. Anayembebesha mnyama mwenye kidonda, anayemnyima maji, anayempiga akianguka, atashtakiwa. Mzee aliishika yote kichwani, neno kwa neno.

"Nani kamfanyia hivi?"

"Bwana mmoja mpimaji wa barabara. Jumbe alipopita kutafuta wa kubeba mizigo, nilimtoa huyo. Sikuwa na mwingine."

"Alibeba nini?"

"Masanduku. Na kwenye matope, akambeba bwana mwenyewe."

Yunus aliandika kwa hasira. Nyumbani alikuwa na punda mzee aliyemlisha maganda ya ndizi kwa mkono wake, na majirani walimcheka kila siku. Leo angalau sheria ilikuwa upande wake.

"Siku ya tatu akaanguka," mzee aliendelea. "Wakampiga kiboko, akainuka. Akaanguka tena. Mto ulikuwa pale chini bondeni, wala hakuna aliyempelekea maji. Wakamwacha njiani."

"Masikini! Na viumbe hawa hawana hata mdomo wa kujitetea."

"Huyu alilia, bwana karani. Waliokuwapo wamenisimulia."

Yunus uchungu ulimshika, akajifanya anatafuta karatasi nyingine.

"Mbona hukuja mapema, mzee wangu?"

"Nimekwenda mabaraza mawili. Kote wameniambia hakuna kosa, nirudi nyumbani. Hata niliposikia sheria hii, nikasema, kumbe ipo!"

"Kosa lipo, tena kubwa! Bwana huyo atasimama kizimbani, wallahi." Yunus alichovya kalamu. "Haya, tumalize. Niandike ng'ombe au punda?"

Mzee alipapasa lile doa kwa kidole.

"Andika yule ambaye sheria itamtetea."

Amechoka, Yunus aliwaza, njia yote ile kwa miguu. Akaandika punda; kama ni ng'ombe, angesahihisha baadaye. Kisha akakumbuka kwamba wapo watu, kama yeye mwenyewe, wanaowapenda wanyama wao mpaka wanawapa majina. Akauliza kwa upole:

"Na ulikuwa ukimwitaje?"

"Ildefons," mzee alisema. "Padri wa Rubya ndiye aliyembatiza."