Kilio cha Mbwa Ndani ya Pipa

Enzi ambazo sinema za wanyama hazikuwa na sauti, Mbwa alisifika kwa kichekesho kimoja: kuanguka kwenye pipa la maji na kujifanya anazama. Kelele alizipiga za kweli.

"Sauti haiingii kwenye picha," alisema, "lakini uso wa anayelia huingia."

Mbuzi, mtunza mavazi mgeni, alipomwona mara ya kwanza alidhani anakufa. Alikimbia, akamvuta nje.

"Mshamba wee!" Mbwa alifoka, maji yakimchuruzika. "Umeniharibia picha! Atakayenigusa kabla kamera haijasimama afukuzwe kazi."

Nyani, mwenye kamera, alikubali. Mbuzi aliomba radhi, akarudi kwenye kona yake.

Wakaanza upya. Mbwa akatumbukia, na safari hii mguu wake ukanasa kwenye kamba iliyokuwa ndani ya pipa.

"Mbuzi! Dada Mbuzi, nakufa kweli!"

Mbuzi alipiga hatua, kisha akamtazama Nyani.

"Usithubutu," Nyani alinong'ona, akizungusha mpini wa kamera. "Leo amepatia."

Mbuzi akabaki palepale. Mbwa alipotulia, wote walipiga makofi, wakamngoja ainuke.

Sinema ilipoonyeshwa, ukumbi mzima ulicheka. Fisi, aliyeketi kando ya Mbuzi, alicheka mpaka machozi yakamtoka.

"Pale alipopanua mdomo," aliuliza akijifuta, "alikuwa anasema nini?"

"Alikuwa ananiita," Mbuzi akajibu.