Kisima Kinachosikiliza

Kila asubuhi Bi Mishi aliandika hadithi mpya kwenye ubao, akaisoma kisimani, na maji yakapanda. Leo sauti ilimkauka. Akamsukumia ubao binti yake, Mwanaidi.

Mwanaidi akasoma. Maji hayakutikisika, kwani kisima kilisikiliza tu hadithi iliyosomwa na aliyeitunga.

"Huyo hata salamu huitikia kwa kichwa!" mwanamke mwenye ndoo tupu akacheka. "Leo tutakufa kwa kiu."

Mwanaidi akaufuta ubao kwa upindo wa kanga. Akaandika habari za msichana aliyejaa maneno asithubutu kuyatoa, akazisoma kwa sauti. Maji yakapanda, yakafurika hadi miguuni mwao.

Bi Mishi, ambaye hakuwahi kumsifu, akajikaza mpaka sauti ikatoka: "Jamani, huyu ni wangu. Na amenipita."