Dege na Tope

Enzi ambazo binadamu bado hajazaliwa, Farasi alikuwa mdogo kama paka. Siku moja alikuwa kwenye tope la ziwa. Dege, ndege mrefu asiyeweza kuruka, akamkuta hapo.

"Ukifia humo nani atakukumbuka?" akamuuliza.

"Nakunywa maji tu, mzee."

"Mimi nitafia juu mwambani, vizazi vyote vinione." Akageuka, akalinyea lile tope kwa dharau, akaenda zake.

Farasi akazama, akafa. Dege akafia mwambani. Jua na upepo vikaimaliza mifupa yake. Tope likawa jiwe, na watu wakaja kulipasua.

Sasa Farasi yupo kwenye makumbusho, mzima hadi meno. Kando yake kuna kibonge cha jiwe kilichoandikwa: "Mavi. Mwenyewe hajulikani."

Farasi anamjua. Hasemi.